Filamu Unazokwenda Kuzitafuta

Najma mwanangu,

Sikuulizi hali, maana hata saa moja haijapita tangu utoke hapa kwenda Ilala kumuaga shangazi yako. Umeniambia, "Mama, sikai, usianze kulia peke yako." Sijaanza. Nimekaa mezani karibu na dirisha, adhana ya alasiri imeshapita, na chini mtaani wanaouza mashuka wanapigiana kelele kama kawaida yao.

Kesho unapanda ndege. Mambo ya nguo, ya chakula na ya kutunza pasi nimeshayasema mpaka ukanitania niyarekodi kwenye simu. Hayo siyarudii. Naandika jambo moja tu, ambalo nimeshindwa kulisema kwa mdomo miaka yote ya maisha yako.

Unakwenda Bombay kusomea kazi ya kutengeneza filamu za zamani, zile zilizooza na kukatika. Hiyo ndiyo sababu unayowaambia watu. Lakini mimi na wewe tunajua kuna sababu nyingine. Unakwenda kutafuta filamu za babu yako. Kwenye faili lako la bluu, pamoja na vyeti, umeweka ile barua ya Kiingereza uliyoikuta kwenye sanduku la bibi yako, inayosema filamu saba za Bwana Sharifali zimepokelewa Bombay na zitatunzwa vizuri. Uliwaandikia watu wa huko wanaotunza filamu za zamani. Wakakujibu kwamba hawana kumbukumbu yoyote ya mzigo huo, na kwamba kwa wanavyojua wao hakuna hata filamu moja ya babu yako iliyobaki popote. Ukacheka. Ukaniambia, "Mama, hawa hawajapanga stoo yao tu. Nikifika nitatafuta mwenyewe, kopo kwa kopo."

Nilikuwa nakata vitunguu. Nikaendelea kukata.

Najma, ile barua niliiandika mimi.

Nikikueleza hivi hivi hutaelewa, kwa hiyo vumilia nianze na babu yako. Wewe umemjua kwa ile picha moja ya ukutani, mzee mwembamba aliyevaa koti kwenye joto la Dar. Mimi nilimjua akiwa mzee tayari. Nilipozaliwa alikuwa anakaribia miaka sitini. Nikiwa darasa la pili alikuja kunichukua shuleni, watoto wakasema, "Zuhra, babu yako Mhindi amekuja." Nikasema ndiyo, ni babu yangu. Alisikia. Alinishika mkono tukatembea mpaka Mtaa wa Sikukuu bila kuniuliza kitu.

Alianza kazi huko Bombay akiwa kijana, akichora mapazia ya nyuma ya waigizaji, milima na majumba ya wafalme. Filamu za siku hizo hazikuwa na sauti. Mwenye studio alipougua katikati ya kazi, babu yako ndiye aliyekuwa anaijua hadithi yote, akaambiwa amalizie. Akamalizia, na hakuacha tena kwa zaidi ya miaka thelathini. Alitengeneza filamu zaidi ya thelathini. Wanawake wengi wakati ule walikataa kuigiza, ilikuwa aibu kubwa, kwa hiyo mjane wa filamu yake ya kwanza alikuwa mpishi wa hoteli, mwanamume mzima aliyevalishwa sari. Alinisimulia kwamba mpishi yule alikuwa akivuta sigara na sari yake mpaka dakika ya mwisho. Siku ya kupiga sehemu ya kilio, mpishi akamkumbuka mama yake mwenyewe aliyefariki, akalia kweli. Mpiga picha akamtazama babu yako amwambie asimame. Babu yako akakataa. Waliendelea mpaka mkanda ukaisha ndani ya kamera, na mwenye studio aligomba wiki nzima kwa kuharibu mkanda.

"Ile ndiyo picha yangu nzuri," alikuwa akisema. "Zingine zote iko kazi tu."

Kiswahili chake hakikunyooka mpaka anakufa. Kila kitu kilikuwa "iko".

Sauti zilipoingia kwenye filamu alipanda sana, kisha akashuka. Alitengeneza hadithi za manabii na watakatifu, hadithi za msituni, hadithi za wezi wenye huruma. Halafu wakaja vijana wenye nyimbo na rangi, na matajiri wakaacha kumpigia simu. Studio moja aliyofanyia kazi miaka mingi iliungua na filamu zake ndani. Zingine ziliharibiwa kwa sababu hakuna aliyetaka kulipia ghala. Alizoweza kuokoa aliziweka kwenye makopo ya bati, akapanda meli kuja huku kuzionyesha kwenye majumba ya sinema ya pwani. Dar ilimpokea vizuri. Akabaki.

Ndoto yake ilikuwa kutengeneza filamu ya hapa Kariakoo, kwa Kiswahili, na watu wa sokoni wenyewe. Alimtafuta fundi wa kushona nguo za waigizaji, akaelekezwa kwa binti mmoja Mtaa wa Sikukuu. Ndiye bibi yako, Mwanaidi. Filamu ilipigwa wiki tatu, tajiri akajitoa, ikafa. Nguo zilikuwa zimeshashonwa. Bibi yako alisema huyu mtu alikuja kumuomba radhi kila Ijumaa kwa miezi sita, mpaka majirani wakamwambia aolewe naye ili apumzike. Jamaa za babu yako, Wahindi wa Kisutu, hawakukubali ndoa ile, kwa hiyo akahamia huku na makopo yake. Kuanzia hapo alipiga picha za harusi za watu mpaka mikono ikaanza kutetemeka. Mtaa mzima walimwita Mzee Picha.

Makopo yalikaa chini ya kitanda chake. Alasiri kama hii alikuwa akivuta kopo moja, akafunua mkanda kidogo kidogo, akauinua dirishani na kuniita. "Zuhra, njoo. Tazama. Hapa iko mvua." Mimi nilikuwa naona vipicha vidogo vya kijivu. Yeye alikuwa anaona kila kitu, na ananisimulia nani alisimama wapi, nani alikuwa na homa siku ile, farasi gani aliogopa taa. Nilikuwa nasikiliza nusu. Nilipofika sekondari nikawa naitika nikiwa chumbani kwangu, na siendi.

Ile mikanda ilikuwa inanuka, mwanangu. Utasomea huko kwa nini inanuka. Mimi nilijua tu kwamba inanuka kama soksi zilizolowa, na harufu ilikuwa kwenye mapazia, kwenye magodoro, kwenye sare yangu ya shule. Baadaye nikapata kazi ya kupiga chapa kwenye ofisi moja Posta. Nilikuwa navaa viatu vya kisigino, napaka poda, halafu nafungua mkoba wangu kazini nasikia harufu ya nyumbani.

Nilikuwa na miaka ishirini na moja kijana mmoja wa ofisi ile alipotaka kuleta posa. Watu wake walikuwa wakubwa, wa kutazama mpaka nyuma ya milango. Walisema watakuja Jumapili. Jumatano ya wiki hiyo babu yako alilazwa kufanyiwa upasuaji wa mtoto wa jicho. Bibi yako akaenda kukaa naye hospitali. Nikabaki peke yangu na makopo.

Nakuandikia nilichofanya kama kilivyokuwa. Nilikwenda mtaa wa Gerezani kwa fundi bati, Mzee Kondo, nikamwambia nyumbani kuna makopo mazuri ya bati, aje ayachukue bure. Alikuja na mkokoteni Alhamisi asubuhi. Alifungua la kwanza, akakunja pua.

"Na hii mikanda binti yangu, nayo ni yangu?"

"Itupe tu."

"Mzee mwenyewe anajua?"

"Anajua," nikasema.

Nilimfuata mpaka karakana kwake kwa sababu niliogopa ataacha mikanda njiani, watu waone. Nyuma ya karakana kulikuwa na shimo la takataka. Alimimina mikanda yote humo, kopo baada ya kopo, ikawa kama matumbo. Akatupia kijinga cha moto. Nilidhani itafuka pole pole kama karatasi. Haikufuka. Ilipaa moto mkubwa, mweupe, kwa mlio, moshi wa njano, na Mzee Kondo akaruka nyuma nywele za mkono zimeungua. Alimwaga mchanga, mkanda ukaendelea kuwaka chini ya mchanga. Ilichukua dakika chache tu. Filamu saba. Mpishi na sari yake alikuwemo.

Mzee Kondo akanitazama, akasema, "Binti, hii haikuwa takataka." Nikarudi nyumbani nikadeki chumba kwa sabuni, nikafukiza udi.

Wakati ule nilijua ni vitu vya baba yangu. Nilijua anavipenda. Nisijifiche kwenye ujinga, Najma. Nilichokuwa sikijui ni kwamba hazikuwepo nyingine popote. Lakini hata hilo alikuwa ameshalisema mara nyingi pale dirishani. Ni mimi niliyekuwa nasikiliza nusu.

Aliletwa Jumamosi, jicho moja limefungwa bendeji, la pili haoni vizuri. Akakaa kitandani. Akashusha mkono chini, kama alivyozoea, akapapasa. Akapapasa tena mbali kidogo. Bibi yako alikuwa amesimama mlangoni na kikapu cha hospitali.

"Zuhra. Iko wapi picha yangu?"

Sikuwa nimepanga la kusema. Siku tatu nzima sikuwa nimepanga. Mdomo ukafunguka wenyewe, nikasema wamekuja watu kutoka Bombay, wa kutunza filamu za zamani, wamezichukua wakazitunze penye baridi.

Aliutoa mkono chini ya kitanda. Halafu akauliza, kwa sauti ndogo, "Walikuja hapa? Kariakoo?"

"Ndiyo, baba."

"Wangapi?"

"Wawili. Mmoja mrefu, ana miwani."

"Walifungua kopo?"

"Walifungua."

"Walisema nini?"

Nikasema, "Walisema wamekutafuta miaka mingi."

Machozi yakapita chini ya bendeji. Nilimwambia asilie, atadhuru jicho. Akanishika mikono yote miwili akaibusu, mkono huu na huu, mikono ile ile. Hakuniuliza kwa nini hawakumsubiri atoke hospitali. Nafikiri alikuwa amengoja kitu hicho muda mrefu mno hata asiweze kukikagua.

Bibi yako alinikuta jikoni. Alikuwa ameshanusa sabuni na udi. Akasema, "Umefanya kitu ambacho mimi nimekaa na harufu ile miaka ishirini na tano nisithubutu." Kisha akasema, "Sasa umeshamwambia hivyo, usimwambie vingine." Hakuligusa tena jambo lile mpaka anafariki. Watu wa posa walikuja Jumapili, wakala, wakasifu nyumba. Mwezi uliofuata wakatuma neno kwamba wamepata kwingine. Sikuwahi kumlaumu yule kijana. Hata sura yake siikumbuki sawasawa.

Babu yako aliishi miaka miwili baada ya hapo, na ilikuwa miaka yake ya furaha. Hilo ndilo linaloniumiza zaidi. Kila aliyekuja kumjulia hali aliambiwa habari za mtu mrefu mwenye miwani. Alianza kuvaa koti hata kwenda kunywa kahawa pale kona. Akataka niwaandikie barua ya shukrani. Alisema maneno, nikaandika, nikaenda nayo kazini nikaichana. Akasubiri jibu. Kila nikirudi kutoka kazini anauliza. Mwezi, miezi miwili. Siku ya Ijumaa, wenzangu walipokwenda kula, niliweka karatasi nzuri ya ofisi kwenye mashine nikaandika jibu. Nikaweka jina na sahihi ya mtu asiyekuwepo. Nikaja nikamsomea. Akaniambia nirudie ile sehemu inayosema zitatunzwa vizuri. Nikarudia. Akampa bibi yako aiweke kwenye sanduku, na wewe ukaikuta.

Kuna siku moja ambayo nimekuwa nikiirudia kichwani kuliko siku ya moto. Ilikuwa karibu na mwisho wake. Nilikuwa namlisha uji. Akaniambia kulikuwa na mwigizaji wa kike, wa mwanzo kabisa kukubali kufanya naye kazi, wakati filamu hazina sauti. Alifanya naye filamu sita. Sauti zilipokuja, mwenye studio akagundua dada yule ana kigugumizi, akamwambia babu yako amtoe. Dada akamuuliza babu yako, mbele ya watu, kama ni kweli yeye ndiye hamtaki. Babu yako akajibu ndiyo, kwa sababu mwenye studio alikuwa amesimama pale.

"Mimi nataka kwenda kwake kusema kweli," akaniambia. "Kila mwaka nasema mwaka huu. Halafu yeye kufa." Akaacha uji. "Zuhra, wewe iko kitu unataka kusema kwa mtu, sema yeye mzima bado."

Sijui kama alikuwa anajua. Nimejiuliza miaka yote hii. Pengine alikuwa mzee tu anayesimulia habari zake. Alinigeuzia uso, jicho lake jeupe kidogo, akanyamaza kabisa, kama mtu anayempisha mwenzake apite mlangoni. Nilikuwa na kijiko mkononi. Nikasema, "Kula, baba, uji unapoa."

Akala. Alifariki wiki ya pili yake, asubuhi, bibi yako akimkunjia shuka.

Baada ya hapo uwongo ule ukawa habari ya nyumba hii. Nilipoolewa na baba yako nilimsimulia hivyo. Ulipozaliwa nilikusimulia hivyo, ukiwa unalala, kwa sababu ulipenda kuambiwa kwamba kuna mahali penye baridi ambapo babu yako yupo kwenye makopo. Nilikuona ukiwa na miaka kumi unachora stoo hiyo, rafu juu kwa juu. Nilikuona unachagua masomo. Kila hatua nilikuwa na nafasi ya kusema, na kila hatua nilijiambia nisimvunje moyo mtoto. Nilikuwa nauokoa moyo wangu mimi.

Juzi ulipokuwa unapanga begi ulinionyesha daftari uliloandika majina ya zile filamu saba, umeacha mistari mitupu chini ya kila jina. Ukasema, "Hapa nitajaza zilivyo, Mama. Nikirudi nakusomea." Nikatoka nikaenda kuanua nguo ambazo zilikuwa hazijakauka.

Mimi ndiye mtu wa mwisho aliyesimuliwa filamu zile, na nilichobaki nacho ni kidogo. Mpishi na kilio chake. Farasi aliyeogopa taa. Mvua ambayo ilikuwa chumvi, iliyomwagwa na wanaume wawili kutoka juu ya ngazi. Mwanamke anayefungua mlango na hakuna mtu nje. Hiyo sijui ni ya filamu ipi. Nimejaribu wiki nzima kukumbuka zaidi. Nitakusomea hayo uandike kwenye daftari lako ukitaka, na kama hutaki kuyasikia kutoka kwangu nitaelewa.

Sikuambii usiende. Kazi uliyoichagua ni nzuri, na ziko filamu za wazee wengine zinazosubiri mikono kama yako. Lakini usiende kufungua stoo za watu kwa jina la barua yangu. Usimsumbue mtu yeyote kule na sahihi ile. Na usiwaambie hawajapanga vitu vyao.

Nilikuwa nimepanga kuiweka barua hii ndani ya begi, chini ya nguo, uikute ukishafika. Jana nilishashona bahasha ya kitambaa ya kuitilia, ndogo, nzuri. Leo asubuhi nikaifumua. Ningekuwa nimekufanyia kile kile nilichomfanyia baba yangu, kukuacha mbali na mimi na jambo ambalo huwezi kuniuliza. Kwa hiyo nakupa mkononi, leo, jua lipo, ukiwa bado na usiku mzima wa kunikasirikia nikiwa mbele yako. Isome hapa hapa mezani. Mimi nitakaa kiti cha pili. Ukitaka kupiga kelele, piga. Ukitaka kwenda kulala kwa shangazi yako leo, nitakusindikiza mpaka mlangoni kwake, na kesho nitakuja uwanja wa ndege hata kama utanitazama kama mtu baki.

Uniulize chochote. Hata kile cha posa, hata nilihisi nini moto ulipowaka. Nitajibu kila kitu, na sitakuambia ule, uji unapoa.

Nakusikia huko chini, unamwamkia mama wa duka la vitambaa. Anakuuliza unaondoka saa ngapi kesho, unacheka. Umeanza kupanda ngazi.

Mama yako,
Zuhra